Sikukuu ya Sisi Tuliobaki: Uhakiki wa Sehemu Moja ya Mchezo wa Seinfeld

Katika michezo ya kuchekesha ya televisheni ya Marekani imekwisha kuwa desturi kwamba kila mwaka, Krismasi inapokaribia, kila mchezo hutoa sehemu moja yenye kuihusu sikukuu hiyo. Aghalabu sehemu hizo hufanana kama maji ya mtungi mmoja: jamaa hukosana, chakula huungua jikoni, mgeni asiyetazamiwa hubisha hodi, na mwishowe wote hupatana chini ya mti uliopambwa taa. Tena hutolewa kabla ya siku yenyewe kufika, maana mtazamaji akishakula na kushiba tarehe 25 hana hamu tena ya kuona wengine wakila. Kwa hiyo yaweza kusemwa kwamba televisheni yote ya nchi ile huisherehekea Krismasi mapema. Sehemu ninayotaka kuihakiki hapa, iitwayo The Strike, yaani Mgomo, ya mchezo wa Seinfeld, ilitolewa na shirika la NBC tarehe 18 Desemba 1997, juma moja kamili kabla ya Krismasi. Lakini hii ina jambo zaidi: ndani yake mna familia ambayo nayo huwatangulia wenzake, ikaketi mezani tarehe 23 kwa sikukuu yake yenyewe, iitwayo Festivus.

Imesifiwa sana sehemu hii, na sifa yenyewe karibu daima ni moja: kwamba inaikejeli biashara ya Krismasi. Sikatai kwamba kejeli hiyo imo. Walakini naona ndiyo iliyo nyepesi kupita yote yaliyomo, na mtu akiishia hapo ameondoka na ganda akaacha tunda. Kwa jicho la mwanafunzi wa lugha, mchezo huu unauliza swali gumu zaidi, nalo ni hili: mtu akitamka tu kwamba jambo fulani lipo, ni lini neno lake huwa uongo na ni lini huwa jambo lenyewe?

Kwa ajili ya msomaji asiyeujua mchezo, yafaa kueleza kwa ufupi. Seinfeld ulitolewa tangu mwaka 1989 hadi 1998, nao wahusu marafiki 4 wa mji wa New York: Jerry, Elaine, Kramer na George Costanza. Sehemu ya Mgomo ni ya 10 katika mfululizo wa 9, ambao ndio wa mwisho. Ilitungwa na Dan O'Keefe, Alec Berg na Jeff Schaffer, na mwelekezaji wake alikuwa Andy Ackerman. George ahudhuria karamu ya Hanuka nyumbani kwa daktari wa meno, Tim Whatley, na badala ya zawadi apewa kadi isemayo kwamba fedha zimetolewa sadaka kwa jina lake. George achukia, kisha apata wazo. Kazini kwake, wakati wa kugawana zawadi za Krismasi, naye awapa wenzake kadi za namna hiyo hiyo kwa jina la mfuko wa hisani uitwao Human Fund, yaani Mfuko wa Binadamu. Mfuko huo haupo, ameubuni yeye. Mkubwa wake, Bwana Kruger, auamini, na kwa ukarimu ampa George hundi ya dola 20,000 za kupeleka huko. Wahasibu wapeleleza, na hila yafichuka. Hapo George ajitetea kwamba alidanganya kwa kuogopa kuonewa kazini, kwa kuwa watu wa kwao hawasherehekei Krismasi, bali Festivus. Kruger ataka kuiona kwa macho yake. Basi George hana budi kumpeleka nyumbani kwa wazazi wake, mbele ya meza ya sikukuu ambayo tangu utoto ameikimbia.

Sikukuu hiyo aliianzisha baba yake, mzee Frank, aliyechezwa na Jerry Stiller kwa ustadi ambao sidhani kwamba mchezaji mwingine wa wakati ule angeuweza. Frank asimulia kwamba miaka mingi iliyopita alikwenda kumnunulia mwanawe mwanasesere, akanyosha mkono kumshika wa mwisho aliyebaki dukani, na mtu mwingine naye akanyosha wake. Alipokuwa akimtwanga ngumi mtu yule, ilimjia fikira kwamba lazima iwepo njia nyingine. Mwanasesere akaharibika, na sikukuu mpya ikazaliwa. Alama yake si mti, ni nguzo tupu ya alumini, pasipo pambo lolote. Baada ya kuketi mezani huja Kutoa Manung'uniko, ambapo kila mtu huwaambia jamaa zake jinsi walivyomwudhi mwaka mzima. Na mwisho huja Mashindano ya Nguvu, yaani mwereka, na sikukuu haiishi mpaka mkuu wa nyumba aangushwe na kubanwa chini.

Sasa natuviweke pamoja vitu hivi viwili, mfuko wa mwana na sikukuu ya baba. Vyote viwili vimetoka kinywani mwa mtu mmoja mmoja. Hakuna serikali iliyoviandikisha, wala mapokeo ya wazee. Kabla ya kutamkwa havikuwako. Mbona basi kimoja twakiita ulaghai na kingine twakiita sikukuu, japo ya kichekesho? Mwanafalsafa wa Kiingereza J. L. Austin, katika mihadhara aliyoitoa Harvard mwaka 1955 na iliyochapishwa mwaka 1962 baada ya kufa kwake, alionyesha kwamba yako maneno ambayo hayaelezi jambo bali hulitenda: mtu akisema naahidi, au nakuoza binti yangu, hatoi habari, anafanya kitendo. Akaongeza kwamba kitendo hicho hufaa au hubatilika kwa masharti: lazima pawe na desturi inayokubaliwa, watu wanaostahili, na mwenendo uliofuatwa barabara. Kwa kipimo hicho, Festivus ingepaswa kubatilika papo hapo, maana sharti la kwanza, desturi inayokubaliwa, halina. Lakini tazama: nguzo imesimama, meza imeandaliwa, wageni wameketi, na lawama zinazotolewa ni lawama za kweli zenye kumfikia anayelaumiwa. Frank amegharimika kwa neno lake. George hakugharimika hata senti. Kwa kweli ametunga mfuko ili asigharimike. Hapa ndipo naona ubora wa watungaji hawa. Hawakuhubiri neno hata moja juu ya tofauti hiyo. Waliweka mambo mawili sambamba katika nusu saa, na mwenye kuona akaona.

Kisha wakakaza fundo. George aumbuliwapo kwa uongo, kimbilio lake ni jambo la kweli. Festivus ipo, ameilia utotoni. Hata hivyo kinywani mwake ukweli huo una sura ya uongo kuliko uongo wenyewe, na ndiyo maana Kruger hasadiki mpaka aone. Amekwisha kuyatumia maneno vibaya kiasi kwamba sasa anayo haja nayo nayo hayamtumikii. Sikumbuki mchezo mwingine wa kuchekesha uliolionyesha jambo hili kwa urahisi namna hii.

Jina la sehemu, Mgomo, lahusu hadithi ya Kramer, ambayo watu wengi huiona kuwa ya pembeni. Kumbe Kramer, ambaye ni nadra kumwona akifanya kazi, alikuwa amegoma miaka 12 katika duka la mikate la H&H; mgomo wakoma kwa kuwa kiwango cha chini cha mshahara kilichowekwa na sheria kimepanda mpaka kufikia kile walichokuwa wakikidai. Arudi kazini. Asikia habari za Festivus, avutwa nayo, aomba ruhusa ya tarehe 23, akataliwa, agoma tena. Mwanalugha wa Kiswahili hapa hana budi kusimama kidogo. Sikukuu kwetu ni siku iliyo kuu. Ukuu huo hautoki katika siku, maana jua la tarehe 23 ni lile lile la tarehe 22. Hutoka kwa watu wanaokubali kuacha jembe na kalamu. Kwa mwenye duka la mikate, siku ya Kramer haina ukuu, basi haipo. Kwa Kruger ipo, au angalau hathubutu kusema haipo, kwa sababu katika nchi ile Sheria ya Haki za Raia ya mwaka 1964 yamkataza mwajiri kumbagua mtu kwa dini yake. Siku moja, mji mmoja, waajiri wawili, na hukumu mbili. Sisi tusicheke sana: wangapi kati yetu hawajaona nyumba mbili za mtaa mmoja zikipishana siku moja katika Idi, kila moja ikiwa na hoja yake juu ya mwezi ulioandama na nani aliyeuona?

Kwa upande wa msamiati, Kramer atupa jambo jingine la kufurahisha. Kila kitu kidogo kitokeacho kwa bahati, yeye hukiita muujiza wa Festivus. Usemi huu ameuunda kwa kalibu ya muujiza wa Krismasi, ambao ni usemi uliozoeleka katika hadithi na sinema za msimu huo. Ndiyo kusema kwamba sikukuu iliyoundwa ili kuikimbia Krismasi hailazimiki kusafiri siku mbili kabla inakutwa na lugha ya Krismasi njiani. Nguzo ni mti uliovuliwa majani. Chakula cha jioni ni kile kile. Hata tarehe yenyewe, 23, haina maana isipokuwa kwa kuhesabu kutoka 25. Frank hakuiondoa Krismasi. Amewahi tu mezani.

Sasa nije kwenye chimbuko la jina, ambalo lina mambo yanayostahili kukaliwa kitako. Festivus haikubuniwa kwa ajili ya televisheni. Baba yake mtungaji Dan O'Keefe, Daniel O'Keefe, aliyekuwa mhariri wa gazeti la Reader's Digest na aliyefariki mwaka 2012, aliianzisha nyumbani kwake mwaka 1966, kwa kumbukumbu ya siku alipotoka mara ya kwanza na yule aliyekuja kuwa mkewe. Jina, kwa maelezo yake mwenyewe, lilimjia tu kichwani. Katika Kilatini neno hilo ni kivumishi, lenye maana ya kuhusu sherehe, au mchangamfu. Mtu huyu hakuwa mzaha mtupu: mwaka 1982 alitoa kitabu kikubwa, Stolen Lightning, juu ya uchawi na asili yake katika jamii, naye alikuwa msomaji wa Emile Durkheim, aliyefundisha mwaka 1912 kwamba kinachoabudiwa katika ibada, kwa undani wake, ni ile jamii iliyokusanyika. Basi O'Keefe alikuwa na nadharia kichwani na watoto mezani, na yaelekea watoto ndio walioilipia nadharia. Dan alipokuwa mtu mzima hakutaka habari hizi zijulikane. Ni ndugu yake aliyezitoa, na watungaji wenzake wakamshikilia mpaka akakubali.

Katika nyumba hiyo sikukuu haikuwa na tarehe maalumu wala nguzo. Palikuwa na saa iliyotiwa katika mfuko na kupigiliwa ukutani, na sababu yake baba hakuwaambia watoto. Manung'uniko yalinaswa katika ukanda wa sauti. Na palikuwa na kaulimbiu, ile ile iliyokuja kupendwa na mamilioni, kwamba Festivus ni ya «the rest of us». Katika televisheni maneno haya hufahamika hivi: sikukuu kubwa ina wenyewe, wenye fedha na furaha na familia zenye kupatana, na hii ni ya sisi wengine. Lakini katika nyumba ya O'Keefe maana ilikuwa nyingine. Maneno hayo yalianza kutumiwa mwaka 1976, baada ya kufa kwa mama yake Daniel, na waliokusudiwa ni wale waliobaki hai.

Nilipoijua habari hii mara ya kwanza nilijaribu kuyatia maneno hayo katika Kiswahili, na nikagundua kwamba lugha yetu yamtaka mfasiri aamue. Akisema sikukuu ya sisi wengine, amechukua maana ya televisheni na kuizika ile ya nyumbani. Akisema sikukuu ya sisi tuliobaki, amepata zote mbili, na pengine zaidi ya Mwingereza alivyozipata, kwa maana kubaki kwetu ni neno la msibani kwanza. Waliobaki ni wafiwa. Ni yatima na wajane. Tena ni wale walioachwa na gari. Na kutoka mzizi huo huo tuna mabaki, vile vilivyosalia sahanini wakubwa walipokwisha kula. Kilichopotea ni kina. Katika Kiingereza jina la sikukuu na kaulimbiu yake hupatana kwa sauti mwishoni, na mshairi wa kwetu atatambua mara moja kazi ya kina hicho: chafunga maneno mawili yasiyo na udugu na kuyafanya yaonekane kwamba yalizaliwa pamoja. Kwa nusu ni hicho kina kilichoifikisha sikukuu hii mbali.

Je, watungaji walikosa kuondoa saa na mfuko na kuweka nguzo? Wako wanaosikitika. Mimi sisikitiki. Saa ndani ya mfuko ni fumbo zuri, lakini ni fumbo la nyumba moja. Katika televisheni lingehitaji maelezo, na kichekesho chenye maelezo hufa. Nguzo tupu haihitaji. Walichobakiza, na walifanya vyema, ni ukanda wa sauti. Frank auleta mkahawani na kuufungulia mbele ya rafiki za George. Twamsikia George mtoto akiamriwa asome shairi, naye akilia kwamba hawezi kulisoma bila miwani, na baba akimjibu kwamba haja yake si miwani, ni mnyonge tu. George mtu mzima aondoka mbio. Watu hucheka hapa, nami hucheka, lakini ni mahali ambapo mchezo wote wafunua mbavu zake: neno lenye nguvu ya kuumba sikukuu lina nguvu ile ile ya kumvunja mtoto, na mwenye kulitamka ni mtu yule yule.

Msomaji wa pwani na bara atakuwa amekwisha kufikiri juu ya utani, ambapo mjukuu humtusi babu, na kabila hili kabila lile, hata msibani, na hakuna mwenye haki ya kukasirika. Atafikiri pia juu ya Mwaka Kogwa wa Makunduchi, Unguja, ambapo wanaume hupigana kwa vigogo vya migomba ili ugomvi wa mwaka uliopita uishe. Mlinganisho una haki yake, mradi tusiupitishe kiasi. Mtani hujibiwa. Wa Makunduchi hupigana rika kwa rika, mbele ya mji mzima. Katika nyumba ya Costanza baba ndiye mtunga sheria, ndiye mlalamikaji wa kwanza, na ndiye mpiganaji. Mwana na mgeni wana kusikiliza tu. Frank amegeukia hata Kruger, asiyemjua, na kumwambia ubaya wa kampuni yake, kisha akapotewa na fikira katikati ya shutuma. Hilo la kupotewa ni pigo la ustadi mkubwa wa utungaji. Ibada bila wazee wa kuikumbuka hutegemea kumbukumbu ya mtu mmoja, na mtu huzeeka.

Si kila kitu katika sehemu hii ni dhahabu. Hadithi ya Jerry na mwanamke ambaye sura yake hubadilika kwa mwanga, leo mzuri na kesho wa kutisha, ni mzaha mmoja uliorudiwa mpaka ukachuja, tena hauna huruma. Ya Elaine, anayeitafuta kadi yake ya duka la sandwichi ili apate ya bure akikamilisha idadi, huchekesha, lakini imeungwa na meza ya Festivus kwa uzi mwembamba: wenye kupokea simu za namba ya uongo aliyoitoa hujikuta wamefika karamuni pasipo sababu yenye uzito. Ingawa mtetezi atasema kwamba namba ya uongo nayo ni neno lisilo na kitu nyuma yake, kama mfuko wa George, naona hoja hiyo ni ya mhakiki kuliko ya mtungaji.

Baada ya 1997 sikukuu ilitoka katika mchezo. Nguzo za alumini zikatengenezwa na kuuzwa Milwaukee, na mwaka 2005 Gavana Jim Doyle wa Wisconsin akaisimamisha moja katika makao yake. Seneta Rand Paul wa Kentucky tangu mwaka 2013 ametoa manung'uniko yake hadharani kila ifikapo tarehe 23 Desemba. Kwa kipimo cha Austin, sharti lililokosekana limepatikana baadaye: desturi inayokubaliwa ipo. Kwamba kitu kilichozaliwa kwa kuchukia duka sasa chanunuliwa dukani, sina haja ya kulisema kwa kirefu.

Narudi kwenye mwereka. Kramer, aliyekuwa mwamini pekee aliyekuja kwa hiari, ameaga akisema sikukuu hii imezidi, tena amekwisha kurudi kazini. Aliyebaki ni George. Mama yake, aliyechezwa na Estelle Harris, amtia moyo kwamba atamweza mzee. Twasikia George akisalimu amri, na Frank akitangaza kwamba hii ndiyo Festivus bora kupita zote. Lakini kanuni aliyoitamka mwenyewe dakika chache kabla yasema kwamba sikukuu haiishi mpaka baba abanwe chini, naye hakubanwa.